Kipaji cha Mwana na Radhi ya Wazazi

Katika maswali yanayowasumbua vijana, wa kiume kwa wa kike, liko moja ambalo halitajwi sana mimbarani lakini limevunja amani ya nyumba nyingi. Kijana amejaliwa kipaji. Akishika brashi hutoa sura ya mti au ya mashua kana kwamba ipo mbele yako. Au ulimi wake hupanga vina na mizani bila ya taabu. Au huona ndani ya gogo la mpingo umbo ambalo wengine hawalioni. Anataka kuifanya sanaa hiyo iwe kazi ya maisha yake. Baba anasema hapana. Mama analia. Wajomba wanaitwa. Kijana anaambiwa kwamba aliyesomeshwa kwa jasho la wazazi hana ruhusa ya kukaa kando ya barabara akiuza picha. Je, afuate kipaji chake au afuate radhi ya wazazi wake?

Wako watu wenye majibu mepesi kwa swali hili zito. Wa kwanza husema kwamba mzazi akishasema hakuna neno tena, basi kijana avunje kalamu yake na jambo limekwisha. Wa pili husema kwamba wazazi wamekwisha kuishi maisha yao, basi kijana naye aishi yake na autii moyo wake. Jibu la kwanza linamfanya mzazi kuwa mungu mdogo nyumbani. Jibu la pili linaufanya moyo kuwa mungu mdogo kifuani. Mwislamu hana ruhusa ya kuabudu hata mmoja kati ya miungu hiyo miwili. Hapana budi, basi, tuitafute njia iliyo sawa, na tuitafute kwa subira, maana kosa la upande mmoja huharibu kipaji na kosa la upande mwingine huharibu nyumba.

Mpaka wa utii

Kurani Tukufu katika sura ya Luqman (31:15-16, kwa hesabu inayoihesabu Bismillahi kuwa ni aya ya kwanza) imemwusia mwanadamu juu ya wazazi wake. Imemkumbusha jinsi mama alivyombeba kwa udhaifu juu ya udhaifu, na ikaiweka shukrani kwa wazazi karibu na shukrani kwa Mwenyezi Mungu Mwenyewe. Kisha ikaweka mpaka: kama wazazi wakimshurutisha mwana amshirikishe Mungu, basi katika jambo hilo asiwatii. Lakini tazama yanayofuata. Mwana huyo hakuruhusiwa kuwapa kisogo wazazi wake. Papo hapo, katika aya ile ile, ameamrishwa kukaa nao duniani kwa wema.

Tunajifunza mambo mawili. Kwanza, ruhusa ya kukataa amri ya mzazi imetajwa hapo pamoja na jambo kubwa kuliko yote, yaani haki ya Mungu kuabudiwa peke Yake. Pili, hata mbele ya jambo kubwa kama hilo, wema kwa wazazi haufutwi.

Wewe uliyeingia katika Uislamu ukitoka katika dini nyingine, au uliyempokea Masihi Aliyeahidiwa a.s. huku jamaa zako wakikunja nyuso, unaijua aya hii kwa uchungu wake. Unajua habari ya Sa'd bin Abi Waqqas r.a., ambaye mama yake aliapa kutokula wala kunywa mpaka mwanawe aiache dini mpya. Naye Sa'd alimpenda mama yake, lakini dini hakuiacha. Unajua pia habari ya Asma binti Abu Bakar r.a., aliyejiwa na mama yake aliyekuwa bado mshirikina. Alipomwuliza Mtume Mtukufu s.a.w. kama aunge udugu naye, aliamrishwa amtendee wema mama yake. Huu ndio ukamilifu wa mafundisho ya Islam: imani haiuzwi, wala mama hatupwi.

Lakini hapa ndipo ilipo hatari ambayo yafaa tuitaje wazi. Mtu aliyewahi kusema hapana kwa ajili ya Mungu huona wepesi kusema hapana mara ya pili kwa ajili yake mwenyewe. Alipokatazwa kusali alisimama imara, akapata uchungu na akapata thawabu. Sasa baba anamkataza kwenda kujifunza uchoraji, naye anajibu kwa sauti ile ile, anajiona ni mwenye kudhulumiwa kwa ajili ya haki, na anahesabu machozi ya mama yake kuwa ni dalili ya ushindi. La, hasha! Sala imeamrishwa na Mwenyezi Mungu, uchoraji haukuamrishwa. Anayelichukua vazi la mashahidi akalivika tamaa ya nafsi yake, hata kama tamaa hiyo ni halali, amejidanganya mwenyewe, tena amewapa jamaa zake sababu ya kudhani kwamba hata ile imani aliyoishikilia zamani ilikuwa ni ukaidi tu.

Je, sanaa ni haramu?

Wazazi wengine huizuia sanaa kwa kusema kwamba Islam imeikataza. Neno hili lahitaji uchunguzi.

Ni kweli kwamba Kurani Tukufu imewalaumu washairi mwishoni mwa sura iliyopewa jina lao (26:225-228). Lakini imeeleza sababu za lawama: kwamba wanaowafuata ni wapotevu, kwamba wao hutangatanga katika kila bonde, na kwamba husema wasiyoyatenda. Kisha ikawatoa katika lawama hiyo wale walioamini na kutenda mema na kumkumbuka Mungu kwa wingi, na kujitetea baada ya kudhulumiwa. Kwa hiyo lawama haiangukii vina na mizani. Inaangukia ulimi usio na mwongozo, safari isiyo na mwisho, na maneno yasiyo na vitendo. Na ndiyo sababu Mtume Mtukufu s.a.w. alimwekea Hassan bin Thabit r.a. mimbari ndani ya msikiti wake ili asimame juu yake na kuutetea Uislamu kwa mashairi. Kama ushairi wenyewe ungekuwa najisi, usingepewa mahali katika msikiti ule.

Kadhalika Kurani Tukufu inataja (34:14) kwamba Nabii Suleman a.s. alitengenezewa majengo makubwa, sanamu na masufuria makubwa, na mara baada ya kuyataja hayo ikawaamrisha watu wa nyumba ya Daudi wafanye kazi kwa shukrani. Kazi ya mikono yenye uzuri, basi, yaweza kuwa shukrani. Ikiabudiwa au ikichochea uovu ndipo inapokuwa laana. Naye Masihi Aliyeahidiwa, Seyidna Ahmad a.s., alikubali kupigwa picha ili watu wa Ulaya waliotaka kumjua waione sura yake, ingawa masheikh wengi wa wakati wake waliichukia picha. Alitunga mashairi kwa Kiurdu, Kiarabu na Kiajemi, na akaeleza kwamba kusudi lake si ushairi kwa ajili ya ushairi, bali ni kuufikisha ukweli kwa wale ambao huenda wakaufahamu kwa njia hiyo.

Basi kijana ajiulize maswali matatu yanayotoka katika aya za washairi. Je, kazi yangu itawaongoza watu au itawapoteza? Je, ina shabaha, au nitatangatanga kila bonde nikifuata kila anayelipa? Je, maisha yangu yatalingana na maneno yangu? Ikiwa sanaa anayoitaka ni ya kukesha katika vilabu vya pombe, kuamsha matamanio ya watu na kuiacha sala, basi wazazi wanaomzuia wanamtendea hisani, na hana haki ya kulalamika. Hapo mzazi na Mungu wamesema neno moja. Lakini ikiwa ni ushairi safi, uchoraji wa viumbe vya Mungu, uandishi wa hati nzuri, ufinyanzi, uchongaji wa milango au usanifu wa majengo, basi tumo katika uwanja wa mambo ya halali, na swali letu linabaki: afanye nini mtu ambaye jambo lake ni halali lakini wazazi wake hawalipendi?

Wanachokiogopa wazazi

Kabla ya kujibu, tuwatendee haki wazazi. Mara nyingi hawachukii uzuri. Wanaogopa mambo matatu: njaa, aibu, na kupotea kwa mtoto. Mzazi aliyelima kwa jembe la mkono ili mwanawe avae viatu vya shule ana haki ya kutetemeka anaposikia kwamba mwana anataka kazi isiyo na mshahara wa mwisho wa mwezi. Amekula chumvi nyingi, na ameona watu wenye vipaji wakifa bila ya sanda ya kununua wenyewe. Hofu yake ni mapenzi yaliyovaa nguo ya ukali.

Hofu hii si ya Afrika peke yake wala si ya siku hizi. Michelangelo, mchoraji na mchongaji wa Italia aliyezaliwa mwaka 1475, alikuwa na baba jina lake Lodovico, mtu wa ukoo uliojiona wa heshima ingawa mali ilikuwa haba. Mwanafunzi wake Condivi, aliyeandika habari za maisha yake mwaka 1553, ameeleza kwamba baba na ami zake walimpiga mara kwa mara kwa sababu waliona kazi ya uchoraji ni aibu kwa ukoo wao. Hata hivyo mwaka 1488, akiwa na miaka kumi na mitatu, alipelekwa katika karakana ya mchoraji Ghirlandaio huko Florence. Wengi wanazijua kazi zake. Sisi hatukumtaja ili tuzifuate sanamu zake wala dini yake. Tunataka uangalie jambo ambalo wengi hawalijui: mtoto huyu aliyepigwa kwa sababu ya sanaa ndiye aliyekuja kuwa mlezi wa nyumba ile. Kwa miaka mingi alipeleka fedha kwa baba yake na ndugu zake, akawanunulia mashamba, na akawasaidia ndugu zake wapate duka la biashara. Aliwanung'unikia, naam, na barua zake zinaonyesha hasira na uchungu. Lakini hakuwakatia mkono.

Tafakari jambo hili. Kipigo hakikumzuia kuchora, na kuchora hakukumzuia kuwa mwana. Vitu hivi viwili ambavyo baba yake alidhani havikai katika nyumba moja vilikaa katika mtu mmoja.

Amana, si amri

Sasa tuliendee jambo lenyewe. Vijana husema, na ni kweli, kwamba kipaji ni amana kutoka kwa Mwenyezi Mungu, na kwamba anayeifukia amana ataulizwa. Lakini amana hutumiwa kwa masharti ya mwenye kuiweka. Yule aliyekupa mkono wa kuchora ndiye aliyekuamrisha, katika sura ya Bani Israil (17:24-25), usiwaambie wazazi wako hata neno dogo la kuwachukiza, na uwainamishie bawa la unyenyekevu kwa huruma. Haiwezekani kwamba ametoa zawadi ili iwe kisu cha kukatia amri Yake. Kipaji ni amana, si wahyi. Hakikuja na ruhusa ya kusema uwongo, kukopa kwa hila, kula ada ya shule iliyotolewa kwa kazi nyingine, au kupita miezi bila kumjulia hali mama.

Mtume Mtukufu s.a.w. alijiwa na mtu aliyetaka kwenda jihadi. Alimwuliza kama wazazi wake wako hai. Alipojibu kwamba wako hai, akamwambia aifanye jihadi yake katika kuwatumikia hao. Pia alisimulia habari za Juraij, mcha Mungu wa kale aliyekuwa akisali katika hekalu lake. Mama yake akaja akamwita. Juraij akasita baina ya mama na sala yake, akaendelea na sala. Mama akarudi tena na tena, naye hakumwitikia, mpaka mama akaomba dua juu yake, na Juraij akapatwa na msukosuko mkubwa kabla ya Mungu kumwokoa. Ndugu msomaji, kama sala ya ziada haikuwa udhuru wa kutosha mbele ya mama anayeita, je, shairi au picha itakuwa udhuru?

Lakini tuisome habari hii kwa uangalifu. Mama wa Juraij hakumtaka mwanawe aache ucha Mungu awe mchungaji au mfanyabiashara. Alitaka kuuona uso wake na kusema naye. Mara ngapi mzazi anayesema kwamba anaichukia sanaa yako analilia jambo hilo hilo! Amekwita, nawe uko kwenye kazi yako. Amekwita tena, nawe uko kwenye kazi yako. Ukienda ukaketi naye, ukamsikiliza mpaka mwisho, ukampeleka hospitali, ukamchotea maji, huenda ukaona kwamba nusu ya ugomvi ilikuwa ni upweke, na ni nusu tu iliyokuwa ni sanaa.

Hapa ndipo tunapopata mizani. Ziko haki za wazazi ambazo ni deni: matunzo wanapohitaji, heshima, ukweli, huduma wakati wa uzee na ugonjwa. Na yako mapendekezo ya wazazi: kwamba mwana awe karani, mwalimu au daktari. Deni halisubiri kipaji. Ikiwa baba ni mgonjwa na hakuna mwingine wa kuilisha nyumba, basi kijana atafute kwanza kazi yenye kipato, na brashi ingoje. Lakini ikiwa wazazi wana riziki yao, na kinachowaudhi ni maneno ya majirani tu, basi hawakudai deni bali wametoa pendekezo. Pendekezo la mzazi lina uzito mkubwa. Lisikilizwe, lipimwe, na lisikataliwe kwa haraka. Hata hivyo pendekezo si deni, na mtu mzima mwenye akili anayechagua kazi ya halali hafanyi dhambi kwa kuichagua. Dhambi, kama itakuwapo, itakuwa katika jinsi alivyoichagua.

Mfano wa Seyidna Ahmad a.s.

Huenda mtu akasema kwamba maneno haya ni mepesi kuandika na magumu kutenda, kwani ujana hupita, na mkono usiozoezwa hukakamaa. Pingamizi hili ni la kweli, wala hatulidharau. Lakini tuangalie maisha ya mtu ambaye moyo wake ulikuwa mahali pamoja na baba yake akamtaka aende mahali pengine.

Seyidna Ahmad a.s. alizaliwa Qadian mwaka 1835. Hakuwa msanii aliyetafuta kazi. Yeye alipenda upweke, sala na vitabu. Baba yake, Mirza Ghulam Murtaza, alisikitika kumwona mwanawe hana hamu na mambo ya dunia, akaogopa ataishije. Akamtia katika kesi za mashamba ya ukoo yaliyopotea, na Ahmad a.s. akaenda mahakamani mara nyingi, akipoteza wakati ambao kwake ulikuwa na thamani kuliko mashamba. Baadaye, yapata mwaka 1864, alifanya kazi katika ofisi ya serikali mjini Sialkot kwa kuridhia matakwa ya baba yake, akakaa huko miaka ipatayo minne mpaka baba yake alipomwita arudi. Yeye mwenyewe ameeleza kwamba aliyafanya yote hayo kwa kumtii baba na kutafuta thawabu, si kwa kuipenda dunia.

Je, utii huo uliuua wito wake? Hata kidogo. Huko mahakamani alisali. Huko Sialkot, baada ya saa za kazi, alisoma Kurani Tukufu na kujadiliana na mapadre. Baba yake alifariki mwaka 1876. Mwaka 1880 ikatoka sehemu ya kwanza ya kitabu chake Barahin-e-Ahmadiyya, na tangu hapo mpaka kufariki kwake mwaka 1908 kalamu yake ilitoa vitabu zaidi ya themanini. Miaka aliyomtumikia baba yake haikupotea. Hatusemi kwamba kila kijana lazima angoje mpaka awe na miaka arobaini. Tunasema kwamba Mungu hashindwi kuilipa miaka iliyotolewa kwa ajili Yake, na kwamba moyo uliofungwa mchana na kazi isiyopendwa waweza kuwa huru jioni.

Kijana afanye nini?

Kwanza, aombe dua na afanye istikhara, wala asimwendee Mungu akiwa amekwisha kata shauri na anataka sahihi tu. Aombe kwa moyo ulio tayari kusikia neno lolote.

Pili, aseme kweli nyumbani. Afadhali ugomvi wa wazi wa siku moja kuliko uwongo wa miaka mitatu. Mzazi aweza kuisamehe picha. Ni vigumu kusamehe kudanganywa.

Tatu, atafute mtu wa kati mwenye heshima kwa wazazi: ami, shangazi, mzee wa jirani au mbashiri. Neno linalokataliwa likitoka kinywani mwa mtoto mara nyingi hukubaliwa likitoka kinywani mwa mtu mzima mwenzao.

Nne, abebe mzigo wake mwenyewe. Asitake sanaa yake ilipiwe na ada ya mdogo wake. Shaaban Robert, aliyezaliwa mwaka 1909 na kufariki mwaka 1962, ambaye Kiswahili chote kinamheshimu, aliajiriwa miaka mingi akiwa karani wa serikali. Mkono ulioandika mahesabu ya ofisi mchana ndio ulioandika tenzi zake. Na ndugu yetu mpenzi Sheikh Kaluta Amri Abedi, aliyezaliwa Ujiji mwaka 1924, alikuwa mbashiri wa Ahmadiyya, tena ndiye Mwafrika wa kwanza kuwa Meya wa Dar es Salaam, kisha akawa Waziri wa Sheria kabla ya kufariki mwaka 1964. Naye ndiye aliyetupa kitabu cha Sheria za Kutunga Mashairi, kilichotolewa mwaka 1954 pamoja na diwani yake. Watu hawa hawakuona kwamba riziki ya mahali pengine inaishusha sanaa. Huenda riziki hiyo ndiyo iliyoilinda, kwa maana msanii mwenye chakula chake halazimiki kumsifu asiyestahili sifa.

Tano, ikiwa baada ya haya yote wazazi bado hawajaridhika, na kazi yake ni ya halali, na madeni yao anayalipa, basi anaweza kwenda. Lakini aende kwa huzuni, asiende kwa majivuno. Asiseme kwamba watakuja kujuta. Aendelee kupeleka chake kidogo nyumbani hata kama hakipokelewi kwa shukrani. Akifanikiwa, asiutumie ufanisi wake kuwasuta. Akishindwa, asione haya kurudi. Na kila siku awaombee wazazi wake dua ile tuliyofundishwa na Kurani Tukufu, ya kuomba wahurumiwe kama walivyotulea utotoni.

Neno kwa wazazi

Tungekuwa wadhalimu kama tungewausia watoto peke yao. Mzazi naye ana amana mkononi mwake, na amana hiyo ni mtoto, wala si jina la ukoo. Mtazame Nabii Ibrahim a.s. katika habari ya kuchinja (37:103). Alikuwa baba, tena nabii, tena ameona njozi kutoka kwa Mola wake. Juu ya hayo yote alimwuliza mwanawe shauri lake. Kama baba mwenye njozi ya Mungu aliuliza, itakuwaje baba ambaye hana njozi, ila hofu ya majirani tu, aamue bila ya kuuliza?

Mzazi asimwambie mwanawe kwamba sanaa ni haramu ilhali haogopi haramu, anaogopa umaskini. Aseme kwamba anaogopa umaskini, na mtoto atamheshimu kwa ukweli huo. Na asitoe laana kwa jambo la halali, maana dua ya mzazi si mchezo. Mama wa Juraij aliomba kwa hasira ya dakika moja, na mwanawe akauonja uchungu wake.

Ndugu msomaji, unayeuliza habari za Islam kwa mara ya kwanza, huenda umedhani kwamba dini hii inamtaka mtu awe mtumwa wa ukoo, au kwamba inauogopa uzuri. Umeona kwamba sivyo. Inakitambua kipaji, lakini haikipi kiti cha Mungu. Inamtukuza mzazi, lakini haimpi kiti hicho pia. Kiti hicho kina Mwenyewe. Anayelikumbuka hilo anaweza kushika brashi kwa mkono mmoja na mkono wa mama yake kwa mkono mwingine, na mama akiuvuta mkono wake kwa hasira, hatauachilia.

Mwenyezi Mungu awape vijana wetu vipaji vyenye adabu, na awape wazazi wetu ukali wenye huruma, na azifanye nyumba zetu kuwa mahali ambapo mtu aweza kusema ukweli bila ya kufukuzwa. Amin.